Ndizi za Unguja, Fedha ya Palermo: Tarehe ya Wachora Dunia

Katika kitabu kilichomalizwa mjini Palermo, kisiwani Sicily, mwezi wa Januari 1154, mna habari za ndizi za Unguja. Mwandishi anasema kwamba chakula kikubwa cha watu wa kisiwa kile ni ndizi, nazo ni za aina tano, kisha anazitaja moja moja kwa majina. Moja inaitwa sukari. Nyingine inaitwa fili, na uzito wake, asema, huweza kufika wakia 12. Fili kwa Kiarabu ni ya tembo. Mtu wa Unguja akifika kwenye mstari huo hupigwa na butwaa, kwani sukari angali anaikuta sokoni, na mkono wa tembo ungali unamenywa jikoni kwake.

Mwandishi huyo ni Sharif al-Idrisi, na kitabu chake kilikusudiwa kufafanua ramani ya dunia aliyomchorea Mfalme Roger wa Pili. Yeye mwenyewe Unguja hakufika. Habari zilimfikia kwa midomo ya watu, na kwa vitabu vya waliowahi kuzungumza na watu. Mwanzo wa mnyororo huo ni msafiri aliyeishika ndizi ile mkononi, akaipima uzito, akaionja, akalikumbuka jina lake. Jina la msafiri mwenyewe hatunalo.

Tarehe hii ni ya wale waliochora dunia nzima katika zama za kati, pamoja na mwalimu wao wa kale waliyemfuata na kumpinga. Wengi wao tunawajua kwa majina, kwa miaka na kwa miji waliyofanyia kazi. Kila nikiwasoma nakuta kwamba walitangulia kuwa hodari wa kusikiliza ndipo wakawa hodari wa kuchora. Ramani zao zina wenye kalamu na wenye ndimi, na haki ya kazi ni ya wote wawili.

Siku za baharia, maili za mchoraji

Mwalimu wa kale ni Claudius Ptolemaeus wa Iskandaria, aliyeandika kitabu chake cha jiografia katika karne ya 2. Humo mna orodha ya mahali karibu 8,000, na kila pahali pamepewa vipimo vyake viwili, cha latitudo na cha longitudo. Alipofika kwenye pwani yetu ya mashariki mwa Afrika aliegemea ushuhuda wa mabaharia, na kwa bahati njema watatu kati yao amewataja. Diogenes alikuwa akirudi kutoka India. Alipoikaribia Pembe ya Afrika upepo wa kaskazini ukamshika, ukamsukuma kusini siku 25 hadi karibu na mji wa Rhapta. Theophilus aling'oa nanga Rhapta kwa upepo wa kusini, na siku ya 20 akawa amefika kwenye Pembe ile ile. Dioscorus alitoka Rhapta akaenda mbele zaidi, mpaka rasi iliyoitwa Prason.

Mtu wa mwambao akisoma hayo anaona kaskazi na kusi zikifanya kazi yao ya kila mwaka. Lakini kwa mchoraji aliyeketi Iskandaria kulikuwa na kitendawili. Baharia huhesabu siku, naye mchoraji anataka maili. Siku moja ya tanga ni maili ngapi, na upepo ukilegea je? Marinus wa Tiro, aliyemtangulia Ptolemaeus, alikuwa ameurefusha mwambao huu kupita kiasi, na Ptolemaeus akatumia kurasa kadhaa kuupunguza. Fani hii yote imebeba kitendawili hicho tangu siku hiyo.

Karne saba baadaye kazi ilihamia Baghdad. Khalifa al-Ma'mun, aliyetawala tangu 813 hadi 833, aliwakusanya wanazuoni, akawapeleka jangwani kupima urefu wa digrii moja ya dunia, akaagiza pia ramani kubwa ya ulimwengu. Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi aliipanga upya orodha ya Ptolemaeus. Aliufupisha urefu wa Bahari ya Kati, ambao ulikuwa umezidishwa, na Bahari ya Hindi, ambayo Ptolemaeus aliizungushia nchi kavu kama bwawa, aliiacha wazi iungane na bahari nyingine.

Ramani ya al-Ma'mun imepotea, lakini tuna shahidi aliyeiona. Al-Mas'udi aliitaja kuwa bora kuliko za Ptolemaeus na Marinus. Na al-Mas'udi si mgeni kwetu: alisafiri hadi Qanbalu, kisiwa ambacho wengi hukiweka Pemba, na mara ya mwisho alitoka huko kurudi Oman mwaka wa hijra 304, yaani 916 au 917. Aliandika kwamba amepita bahari nyingi na hakuona ya kutisha kama bahari ya Zanji. Wenye chombo alichosafiri nacho aliwataja, Ahmad na Abd al-Samad, ndugu wawili wa Siraf, na akaongeza kwamba baadaye walizama na chombo chao na wote waliokuwamo. Kwa mstari huo mmoja, watu wawili waliomezwa na bahari wamebaki na majina yao kwa miaka zaidi ya elfu moja.

Wachoraji wawili wakikaguana kazi

Tawi la pili la fani lilianzia Balkh, katika nchi iitwayo leo Afghanistan. Abu Zayd al-Balkhi, aliyefariki 934, alianzisha mtindo wa kuchora nchi za Waislamu kwa seti ya ramani 21: moja ya dunia nzima, tatu za bahari, na zilizobaki za nchi moja moja. Michoro hiyo ni ya duara na mistari iliyonyooka, mito kama fito, miji kama vifungo vya shati. Haikutengenezwa ili nahodha aongozee chombo. Ilimsaidia mtu kukumbuka mji upi unafuata upi katika njia ya msafara, na ni mwendo wa siku ngapi kati yao.

Baada yake akaja al-Istakhri, na baada ya al-Istakhri akaja Ibn Hawqal, mtu wa Nisibis aliyeondoka Baghdad mwaka 943 akazunguka miaka kwa miaka. Wawili hao walikutana, na Ibn Hawqal ametuachia habari ya mkutano wao. Kila mmoja alitandaza ramani zake. Ya Sindi ya al-Istakhri ilikuwa na makosa, ila ya Uajemi kusini alikuwa ameipatia sana. Ibn Hawqal akatoa ya Azerbaijan, mzee akaikubali. Akatoa ya al-Jazira, nchi ya kati ya mito miwili, akaisifu. Akatoa ya Misri, ikahukumiwa mbovu yote. Ya Maghribi ikaonekana ina makosa mengi kuliko usahihi. Mwisho wake al-Istakhri akamwomba mdogo wake huyo akirekebishe kitabu chake popote atakapoona kimekosea.

Ninaipenda habari hii kuliko nyingi katika tarehe ya fani. Mzee anamkabidhi kijana kazi ya umri wake aikosoe, na kijana anaandika bila kificho kwamba ramani yake ya Misri ilikataliwa. Ibn Hawqal alikwenda akaziona nchi zile alizokosea, akachora upya. Mwaka 973 alikuwa Palermo, akahesabu huko misikiti zaidi ya 300. Miaka 180 baadaye kitabu chake kilikuwa juu ya meza katika mji huo huo, mbele ya mfalme Mkristo.

Kabla ya kufika huko, Misri nayo ina fungu lake. Kati ya 1020 na 1050, katika enzi ya Wafatimi, mtu ambaye hakuacha jina aliandika kitabu cha maajabu ya mbinguni na ardhini, chenye ramani ya dunia ya mstatili, ramani ya Sicily ambayo ndiyo ya kale kuliko zote zijulikanazo za kisiwa hicho, na ramani ya Bahari ya Hindi iliyochorwa kama yai. Ndani ya yai hilo vimo visiwa vya Unguja na Qanbalu. Nakala yake iliyonakiliwa karibu na mwaka 1200 ilijitokeza sokoni mwishoni mwa karne ya 20, na mwaka 2002 ikanunuliwa na Maktaba ya Bodleian ya Oxford.

Palermo: miaka 15 ya kuuliza

Waarabu waliitwaa Palermo mwaka 831, Wanormani wakaitwaa kwao 1072. Roger wa Pili alitawazwa mfalme 1130. Diwani yake iliandika kwa Kiarabu, Kigiriki na Kilatini, na joho lake la fahari, ambalo leo limehifadhiwa Vienna, lina ukingo wa maandishi ya Kiarabu yaliyotariziwa kwa dhahabu, pamoja na mwaka wa hijra 528. Katika baraza hilo ndimo alimoingia al-Idrisi, aliyezaliwa karibu na mwaka 1100, inasemekana Sabta, mji wa Ceuta ya leo. Alikuwa sharifu wa Banu Hammud, ukoo uliowahi kutawala Malaga. Al-Safadi, aliyeandika karne mbili baadaye, anasimulia kwamba mfalme alikuwa akimwona sharifu anaingia huinuka, akamketisha pembeni yake.

Utangulizi wa kitabu unaeleza kazi ilivyokwenda, na ni maelezo ya fundi anayejua anachokisema. Kwanza vilisomwa vitabu, vya Ptolemaeus, vya al-Mas'udi, vya Ibn Hawqal na vya wengine. Vilipingana. Wakaitwa wanazuoni waliobobea katika somo hilo. Wakaonekana hawajui zaidi ya yaliyomo vitabuni. Ndipo mfalme akaagiza watafutwe wasafiri, watu waliozizunguka nchi kwa miguu yao na vyombo vyao. Waliulizwa kwa njia ya mkalimani, wakiwa pamoja, na kisha mmoja mmoja. Neno walilolikubali wote likathibitishwa. Neno walilotofautiana likawekwa kando. Hivyo kwa miaka 15, bila kusita.

Fikiria mtu aliyeitwa kutoka bandarini, nguo zingali na chumvi, akiketishwa kwenye behewa la kasri. Anaulizwa: kutoka Malindi hadi Mombasa ni mwendo gani? Siku mbili kwa kufuata pwani, anajibu. Wanaishi kwa nini watu wa huko? Anatolewa, anaingizwa mwingine, na swali linaulizwa upya kana kwamba halijawahi kuulizwa. Hii ni kazi ya kadhi anayesikiliza mashahidi, na ramani iliyopatikana ni hukumu yake.

Yaliyothibitika yalihamishiwa kwenye ubao wa kuchorea, umbali ukipimwa tena na tena kwa bikari za chuma. Ubao ulipokamilika mfalme akaamuru isubuliwe sahani ya fedha safi, nzito, ratili 400 za Kirumi, kila ratili dirhamu 112, maana yake dirhamu 44,800 za uzito. Mafundi wakaichonga ikilimu saba, yaani kanda saba za dunia, na nchi, na mito, na ghuba, na njia, na bandari, bila kuongeza wala kupunguza chochote kilichokuwa ubaoni. Kisha kikaandikwa kitabu cha kuieleza, ambacho jina lake kwa lugha yetu lingekuwa Burudani ya Mwenye Shauku ya Kuzivuka Pande za Dunia. Kila ikilimu iligawanywa mafungu kumi kutoka magharibi kwenda mashariki, na kila fungu likapewa ramani yake, jumla ramani 70. Ukiziunganisha zinatoa dunia nzima.

Kusini iko juu, kama ilivyokuwa desturi ya wachoraji wengi wa Kiislamu. Kwa hiyo pwani yetu imetandazwa kwenye kichwa cha dunia, na Ulaya iko chini miguuni. Malindi imetajwa kuwa mji mkubwa kwenye mlango wa mto wa maji matamu, watu wake wakivua, wakikausha samaki na kuwauza, wakiwinda chui, wakichimba chuma, na chuma ndicho kinachowapa faida kubwa. Mombasa ni mji mdogo, wenye mbwa wekundu wanaopambana na kila mnyama, hata simba. Sofala inatoa chuma kinachopelekwa India kufuliwa panga. Mhunzi, mvuvi na mwindaji wa karne ya 12 wamo ndani ya kitabu, kila mmoja na kazi yake.

Na kosa lipo. Al-Idrisi aliirithi kutoka kwa wazee wa fani dhana kwamba pwani ya Afrika, ikishapita Pembe, hukata kwenda mashariki badala ya kuteremka kusini. Hivyo Sofala ikajikuta imeelekeana na nchi za India na China ng'ambo ya mfereji mrefu wa maji. Shahidi aliulizwa vizuri habari za mji, za chakula na za mwendo wa siku. Uelekeo wa pwani nzima hakuna shahidi mmoja aliyeweza kuuona, na hapo kitabu cha kale kikapata nguvu kuliko ulimi.

Roger alifariki Februari 1154, wiki chache tu baada ya kitabu kukamilika. Mwaka 1161 waasi waliivamia kasri ya mwanawe William wa Kwanza wakaipora. Sahani haikuonekana tena, na wengi wanaamini ilikatwa vipande siku hizo, kwani fedha nyingi kiasi hicho haikosi mwenye kuitamani. Kilichobaki ni karatasi, na karatasi ilibaki kwa sababu ilinakiliwa.

Ngozi za Hereford na Ebstorf

Katika Ulaya ya kaskazini watu wa kanisa walichora dunia kwa makusudi mengine. Ramani ya Hereford, ya karibu mwaka 1300, imechorwa juu ya ngozi ya ndama mmoja mzima, kimo chake karibu mita 1.6, na kuna jina la aliyeitengeneza: Richard wa Haldingham. Mashariki iko juu, Yerusalemu katikati. Safina ya Nuhu imo, na Mnara wa Babeli, na miji zaidi ya 400, na wanyama wa kweli pamoja na wa hadithi. Aliyesimama mbele yake alisoma tarehe ya wokovu kwa kuufuata uso wa dunia, tangu bustani ya Edeni juu hadi Ulaya chini. Ile ya Ebstorf nchini Ujerumani ilikuwa kubwa zaidi, mita 3.6 kila upande, ngozi 30 za mbuzi zilizoshonwa pamoja. Iliteketea kwa mabomu mjini Hannover mwaka 1943.

Majorca: baba, mwana na dira

Mwishoni mwa karne ya 13 chombo kipya kilibadilisha fani kwenye Bahari ya Kati. Mabaharia walianza kusafiri kwa dira ya sumaku, na wachoraji wakatengeneza chati za mwambao zinazoafikiana nayo. Chati hizo hazikujali ikilimu wala bustani ya Edeni. Zilijali bandari.

Inafaa kuitazama moja kwa karibu. Ngozi imeachwa na umbo la mnyama, shingo yake kwa kawaida upande wa magharibi. Juu yake imetandazwa mistari ya pepo kama utando wa buibui: pepo nane kuu kwa wino mweusi au wa kahawia, nusu za pepo kwa kijani, robo kwa nyekundu. Majina ya bandari yameandikwa yakielekea bara, yamebanana kama vidole, ili bahari ibaki wazi kwa ajili ya mistari. Bandari muhimu zimeandikwa kwa wekundu. Nahodha hutafuta mstari unaokwenda sambamba na njia anayoitaka, huufuata kwa kidole hadi ulikotoka, na hapo amepata upepo wa kuuelekea.

Kisiwa cha Majorca kilikuwa na mafundi wakubwa wa kazi hii. Angelino Dulcert aliweka jina lake na mwaka 1339 kwenye chati aliyoichora huko. Aliyevuma kuliko wote ni Cresques Abraham, Myahudi wa Palma, aliyetambulishwa kuwa bingwa wa ramani za dunia na wa dira. Mwanawe Jafudà alifanya kazi pamoja naye. Kazi inayohesabiwa kuwa yao ni ile ya mwaka 1375 ijulikanayo kama Atlasi ya Kikatalani, mbao sita zilizovishwa ngozi, ambayo tangu karibu na 1380 imekaa katika maktaba ya wafalme wa Ufaransa, na leo iko katika maktaba ya taifa mjini Paris. Ilitengenezwa ili ilazwe mezani na watu waizunguke: maandishi ya upande wa kaskazini yamegeuzwa kichwa chini ili anayesimama ng'ambo asome bila kuhama.

Katika Sahara yake ameketi Mansa Musa wa Mali, taji kichwani, akiinua duara la dhahabu, na mbele yake yuaja mtu wa jangwani juu ya ngamia, kajifunika uso. Musa alipita Cairo akienda Hija mwaka 1324, na dhahabu aliyoigawa ilisimuliwa kila bandari. Wayahudi wa Majorca walikuwa na ndugu na wabia katika miji ya Maghribi, kule misafara ya jangwa inakotua mizigo. Mchoraji wa Palma hakuivuka Sahara. Ila alizaliwa ndani ya mtandao wa watu waliojua bei ya dhahabu wiki ile na jina la aliyeileta.

Cresques alifariki 1387. Mwaka 1391 ghasia za kuwashambulia Wayahudi ziliufikia mji wa Palma, na Jafudà akalazimika kubatizwa, akaitwa Jaume Ribes. Aliendelea kuchora. Jina la baba lilifutwa kwake kwa nguvu, kazi ya baba ikabaki mkononi.

Venice: mtawa aliyewaamini Wahabeshi

Katikati ya karne ya 15, kwenye kisiwa cha San Michele karibu na Murano, mtawa aitwaye Fra Mauro alifanya kazi ya kuikusanya dunia nzima kwenye duara la karibu mita mbili. Baharia na mchora chati Andrea Bianco alimsaidia. Ramani ilikamilika karibu na 1450. Nyingine iliyoagizwa na Mfalme Afonso wa Tano wa Ureno ilipelekwa 1459, nayo imepotea. Ile ya Venice ipo hadi leo. Ina maandishi karibu 3,000, na kusini iko juu, kama kwa al-Idrisi.

Maandishi hayo ni mtu anayezungumza nasi. Mtawa anaomba radhi kwa kutomfuata Ptolemaeus, akieleza kwamba tangu siku zake nchi nyingi zimejulikana ambazo yule hakuzijua. Yerusalemu haiko katikati kabisa ya duara lake, naye anajitetea: tukihesabu watu badala ya ardhi, asema, mji mtakatifu ungali katikati, kwa kuwa Ulaya ina watu wengi zaidi. Bustani ya Edeni ameitoa nje ya dunia, akaiweka peke yake kwenye pembe ya fremu. Na anasema wazi kwamba ametumia miaka mingi kuyalinganisha maandiko na maneno ya watu wa kuaminika walioona kwa macho yao.

Miongoni mwa hao walikuwamo watawa wa Kihabeshi. Anaandika kwamba habari za nchi zile alizipata kwa wenyeji wenyewe, ambao walimchorea kwa mikono yao mikoa, miji, mito na milima pamoja na majina yake. Hapa wenye ndimi wanashika kalamu. Kwa mara hii moja katika tarehe yote tunaambiwa kwamba sehemu ya Afrika kwenye ramani kubwa ya Ulaya ilichorwa kwanza na Waafrika.

Kuhusu mwisho wa bara hilo, Fra Mauro ameandika kwamba karibu na mwaka 1420 chombo kikubwa cha India kilipita rasi aliyoiita Diab, kikaenda magharibi siku 40 bila kuona kitu ila maji na upepo, kikarudi rasini kwa siku 70, na mabaharia waliposhuka pwani wakaona yai la ndege kubwa kama mtungi. Kwa ushahidi kama huo aliichora Afrika ikiwa imezungukwa na bahari, na Bahari ya Hindi ikiwa wazi. Ilikuwa kabla ya Bartolomeu Dias kuizunguka ncha ya kusini mwaka 1488, na kabla ya Vasco da Gama kutia nanga Malindi mwaka 1498 na kupewa huko rubani wa kumvusha hadi India.

Wanakili na jina lililopotea

Kazi ya al-Idrisi ilikuwa ingali hai. Ibn Khaldun aliitumia alipoandika Muqaddima yake mwaka 1377. Huko Sfax, nchini Tunisia, ukoo wa al-Sharafi uliirithishana fani babu kwa mjukuu: Ali ibn Ahmad al-Sharafi alitengeneza atlasi mwaka 1551 na nyingine 1571, akiunganisha chati za dira alizopokea kwa wazee wake na dunia ya sharifu wa Palermo, na Muhammad ibn Ali al-Sharafi alichora dunia yake mwaka 1601. Mjini Cairo mnamo 1553 ilinakiliwa nakala ambayo leo iko Oxford.

Mnakili naye ni mmoja wa wachora dunia, kwa heri na kwa shari. Maandishi ya Kiarabu husimama kwa nukta. Jina la Unguja, ambalo al-Idrisi anasema ndivyo mji unavyoitwa kwa lugha ya wenyewe, nukta ikisogea kidogo linasomeka vingine, na katika nakala mbalimbali limetokea kwa sura ambazo Mwunguja asingeitika akiitwa kwazo. Wanazuoni wamelirejesha kwa kulinganisha nakala, na kwa kuwa mji na watu wake wapo na jina lao wanalijua.

Mwisho zamu ikamfikia sharifu mwenyewe. Mwaka 1592 mtambo wa Medici mjini Roma ulichapa muhtasari wa kitabu chake kwa Kiarabu, bila jina la mwandishi. Mwaka 1619 wanazuoni wawili Wamaroni, Gabriel Sionita na Johannes Hesronita, waliutafsiri kwa Kilatini mjini Paris. Mwandishi hawakumjua. Kwa kifungu kimoja kinachohusu Mto Nile walimdhania Mnubi, wakakipa kitabu jina la Jiografia ya Mnubi, na wasomi wa Ulaya wakamwita hivyo kwa muda mrefu. Mtu aliyewahoji wasafiri kwa miaka 15 bila kutuachia majina yao, naye akawa msafiri asiye na jina. Mwaka 1928, Konrad Miller wa Stuttgart aliziunganisha zile ramani 70 kuwa moja, na dunia ya Palermo ikaonekana tena ikiwa nzima.

Kwenye mwambao wetu wapo wavuvi wenye majina ya mafungu, ya mikondo na ya milango ya miamba, majina wanayoelekezana usiku kwa nyota na kwa miti ya pwani. Mengi katika hayo hayamo katika ramani yoyote iliyochapwa, na wazee wanaoyajua wanapungua. Kazi ya Palermo, ya Palma na ya San Michele haijaisha kwa hiyo. Atakayekwenda kuwauliza achukue bikari na karatasi, aulize mmoja mmoja na aulize wote pamoja, na pembeni mwa kila fungu atakalolichora aandike jina la aliyemwonyesha.